Chaplin, Edna na Wivu wa Niles

Kinu cha upepo cha Murphy kiko kona ya kusini-magharibi ya bustani ya Golden Gate, San Francisco, pale miti inapoishia na Bahari ya Pasifiki inapoanza. Kilikamilika mwaka 1908 ili kuvuta maji ardhini na kuinywesha bustani, kwa kuwa eneo hilo lote lilikuwa vilima vya mchanga mtupu kabla ya kuoteshwa miti. Watalii huja kupiga picha mapanga yake makubwa. Mimi niliiangalia zaidi barabara inayopita karibu yake, maana mwaka 1915 gari aina ya Ford lilipita huku mbio mbele ya kamera, ndani yake kijana mwenye masharubu mafupi na msichana aliyemtorosha kwao. Nyuma yao lilifuata gari jingine, limembeba baba wa msichana, bwana aliyetaka kumwoa, na askari.

Filamu yenyewe ni A Jitney Elopement ya Charlie Chaplin, iliyotoka tarehe 1 Aprili 1915. Jitney yalikuwa magari madogo ya watu binafsi, mengi yakiwa Ford, yaliyoanza kubeba abiria Los Angeles mwaka 1914 kwa nauli ya senti 5, na muda si muda yakawa yamejaa katika miji mingi ya Marekani. Aliyekulia Dar es Salaam au Nairobi haambiwi zaidi. Katika filamu hiyo mzee anataka binti yake aolewe na bwana mwenye cheo cha kurithi, binti moyo wake uko kwingine, na huyo wa kwingine hana mali wala jina. Mzee ameshaikubali posa, mwenye kuposwa ameikataa.

Nilifunga safari hii kwa ajili ya wivu. Naamini sinema bubu zilionyesha wivu vizuri kuliko nyingi zilizokuja baada yake. Mtu mwenye wivu ukimpa maneno atadanganya: atasema hana neno, atasema amechoka tu, atasema kichwa kinamuuma. Ukimnyang'anya maneno, kinachobaki kusema ni shingo, mabega, vidole vinavyochezea ukingo wa kofia, na hivyo havijui kuficha. Katika miezi michache ya mwanzo wa 1915, kwenye kijiji kimoja cha California, Chaplin aliupigia picha wivu mara tatu mfululizo, kila mara akiupa mwisho tofauti. Nilitaka kukiona hicho kijiji.

Kinaitwa Niles. Kutoka San Francisco nilipanda treni ya BART, ambayo hupita chini ya maji ya ghuba, nikashuka Union City. Mama mdogo alikuwa ananisubiri kwenye gari lake, bado amevaa sare za kazini. Ni muuguzi, na amekaa upande huu wa ghuba tangu mimi niko shule ya msingi.

"Shikamoo, mama mdogo."

"Marahaba, mwanangu. Umekula?"

Nilipomweleza tunakwenda kuangalia sinema isiyo na sauti alicheka sana, akasema afadhali, maana Kiingereza cha kwenye sinema humpita kwa kasi hata leo, wakati cha wodini anakimudu bila shida.

Niles siku hizi ni sehemu ya Fremont, mji uliozaliwa mwaka 1956 kwa kuunganisha miji midogo mitano. Jina lake limeandikwa kwa herufi kubwa nyeupe kwenye kilima kinachoutazama mtaa. Mtaa mkuu ni mmoja, Niles Boulevard: upande mmoja maduka ya vitu vya kale na vijihoteli, upande wa pili reli. Reli hiyo ndiyo iliyoleta kila kitu. Mwaka 1869 treni zilianza kupita kwenye korongo la Niles zikienda na kutoka ghuba, katika njia ya kwanza ya reli iliyovuka bara zima, na zaidi ya miaka arobaini baadaye treni hizo zikaleta watu wa sinema.

Aliyewaleta ni Gilbert M. Anderson, yule aliyecheza katika The Great Train Robbery ya mwaka 1903 na baadaye akajulikana dunia nzima kwa jina la Broncho Billy, mchunga ng'ombe wa kwanza kuwa nyota wa sinema. Mwaka 1907 yeye na George K. Spoor walianzisha kampuni ya Essanay huko Chicago. Chicago ina baridi kali na mawingu, na kamera za wakati ule zilihitaji jua kama mkulima anavyolihitaji. Anderson alizunguka magharibi akitafuta mahali penye jua, mabonde na reli kwa pamoja, akaridhika na Niles. Kuanzia 1912 hadi mwanzoni mwa 1916 kampuni ilipiga hapa mamia ya filamu fupi, nyingi za bunduki na farasi. Leo studio haipo. Pale ilipokuwa kuna kituo cha zimamoto. Ila nyumba ndogo za mbao zilizojengewa waigizaji bado zipo mtaa wa nyuma, watu wanaishi humo, na mbele ya moja tulikuta mama mmoja anamwagilia waridi. Alitupungia mkono bila kuuliza tunatafuta nini. Naona amezoea wageni wanaosimama kuitolea macho nyumba yake.

Chaplin alifika Januari 1915. Alikuwa na umri wa miaka 25, Essanay ikimlipa dola 1,250 kwa wiki juu ya dola 10,000 za kutia saini, wakati mwaka uliotangulia kampuni nyingine ilimlipa mia na hamsini tu kwa wiki. Alikuwa amepiga filamu moja Chicago, akaichukia baridi, akahamia huku. Alikuja na masharubu, fimbo na viatu vikubwa. Alichokosa ni mwanamke wa kucheza naye. Alimpata San Francisco: Edna Purviance, mzaliwa wa jangwa la Nevada, karani wa ofisi aliyekuwa hajawahi kusimama mbele ya kamera. Tangu hapo hadi 1923 walicheza pamoja katika filamu zaidi ya thelathini. Kwa miaka kadhaa walikuwa wapenzi pia.

Jumba la sinema la Niles liko palepale Niles Boulevard. Linaitwa Edison Theater, lilifunguliwa mwaka 1913, na sasa limo ndani ya makumbusho ya filamu bubu ya Essanay. Jumamosi usiku huonyesha filamu za enzi ile huku mtu akipiga piano pembeni ya skrini. Kabla ya onyesho tulizunguka sehemu ya mbele, kwenye kamera za kuzungusha kwa mkono na projekta nzito za chuma. Mzee mmoja wa kujitolea alimruhusu mama mdogo ashike mpini wa kamera. Alimwambia azungushe mara mbili kwa kila sekunde, bila kuharakisha wala kulegea. Akajaribu. Kila mzunguko wa kamera za namna ile hupiga picha nane, kwa hiyo mizunguko miwili ni picha kumi na sita kwa sekunde. Mpiga kamera akitaka gari lionekane linakwenda kasi kuliko lilivyokwenda, huzungusha polepole; picha zinapungua, na zikionyeshwa kwa mwendo wa kawaida, gari linaruka. Zile mbio za kwenye kinu cha Murphy zilitengenezwa na mkono wa mtu namna hiyo. Mzee alieleza pia kwa nini chumba cha projekta hujengwa kama sanduku la kuzuia moto: filamu za wakati ule zilikuwa za naitreti, zinashika moto upesi mno na ni shida kuuzima.

Tukakaa. Taa zikazimwa, piano ikaanza, na alipotokea tu kijana mwenye kofia ya duara, mama mdogo akanishika mkono.

"Huyu si yule chale wa gari la sinema?"

Ndiye. Gari la sinema la serikali lilifika Korogwe alipokuwa mtoto, likatandaza shuka jeupe uwanjani, na kabla ya filamu za kilimo na afya wakawekewa Chaplin. Anakumbuka walivyokaa chini, watoto mbele na wazee nyuma, na bibi mmoja aliyekuwa akimpigia kelele Chaplin kumwonya kwamba adui yuko nyuma yake. Niliposikia hivyo nilifurahi kuliko ninavyoweza kueleza. Nilikuwa nimesafiri mbali kuja kuona chanzo cha kitu ambacho mama mdogo wangu alishakiona kwao.

Katika A Jitney Elopement Chaplin anajifanya ndiye yule mchumba mwenye cheo. Anakaribishwa mezani na baba wa Edna, mzee amejaa heshima na tabasamu. Hapo kuna jambo moja ambalo ningependa kila anayependa sinema aliangalie kwa makini. Chaplin anakata mkate. Kisu kinazunguka mkate badala ya kuukata vipande, kinaingia kwa mshazari, kinazunguka tena, na alipomaliza mkate umekuwa mviringo mmoja mrefu usiokatika. Anaushika ncha mbili, anauvuta, anaubana, anauvuta tena. Umekuwa kodiani. Ni sekunde chache tu. Lakini angalia anachofanya: yuko kwenye meza ya watu wakubwa kwa jina lisilo lake, mbele ya msichana anayempenda, na mikono yake imeshindwa kukaa kama mikono ya bwana mkubwa. Mikono imemtaja. Ukumbi mzima ulicheka, na mtoto mmoja nyuma yetu aliomba kwa sauti irudiwe.

Kisha mwenyewe anafika. Bwana mwenye cheo amechezwa na Leo White, mwembamba, ndevu zimechongwa, mgongo umenyooka kupita kiasi. Chaplin anatupwa nje kwa teke. Baadaye wote wanakutana bustanini, na wivu unaanza kutembea kwa miguu: hatua moja mbele, moja nyuma, bega linageuka, fimbo inamchomoa mtu kutoka kwenye kiti. Wapinzani wawili hawawezi kuambiana chochote cha maana. Inabidi wasukumane. Filamu inaishia gatini: gari la kina baba linasukumwa kutoka ukingoni na kuzama majini na wote waliomo, na vijana wanabaki peke yao.

"Sawa kabisa," mama mdogo akasema. "Alilazimisha."

Wiki mbili kabla ya hapo, tarehe 18 Machi, ilikuwa imetoka filamu nyingine fupi, In the Park. Humo Leo White yuleyule ni mpenzi aliyekataliwa, na kwa uchungu anataka kujitupa ziwani. Hana ujasiri. Anamwomba Chaplin amsukume, na Chaplin, kwa adabu zote, anampiga teke. Kwa hiyo Machi wivu unamwangamiza aliyekataliwa, na Aprili mosi unamzamisha mshindani. Mpaka hapa ni vichekesho vya kawaida vya wakati ule: palipo na wanaume wawili na mwanamke mmoja, mtu lazima alowe.

Siku kumi baadaye, tarehe 11 Aprili, ikatoka The Tramp.

Nayo ilionyeshwa usiku uleule. Kijana wa barabarani anamwokoa binti wa mkulima kutoka kwa wezi. Baba anampa kazi shambani, kazi asiyoijua hata kidogo: anamwagilia miti ya matunda kwa kopo la maua, na ng'ombe anamkamua kwa kuuchezesha mkia wake juu chini kama mpini wa pampu. Mama mdogo, aliyekulia kwenye ng'ombe, alikaribia kuanguka kitini. Wezi wanarudi, kijana anawafukuza, anapigwa risasi mguuni, na binti anamuuguza. Anaanza kuamini. Unaona namna anavyokaa kitini huku mguu umefungwa, uso wa mtu ambaye amepewa nyumba.

Ndipo anafika mchumba wa binti. Amechezwa na Lloyd Bacon, ambaye miaka mingi baadaye akawa mwongozaji na kutengeneza 42nd Street. Ni kijana mzuri, amevaa vizuri, wala hana kosa lolote. Na hapo ndipo palipobadilika kila kitu. Leo White alistahili teke, maana alikuwa na majivuno na alitaka kumchukua msichana asiyemtaka. Huyu wa sasa anapendwa. Chaplin anamtazama, anamtazama Edna anavyomtazama, na hakuna wa kumpiga. Wivu umekosa pa kwenda. Anaingia ndani, anaandika barua fupi iliyojaa makosa ya tahajia, kwamba aliudhania wema kuwa mapenzi, anachukua kifurushi chake na kuondoka.

Anaondoka kwa barabara ya korongo la Niles, anatupa mgongo. Mabega yameshuka, miguu inaburura. Halafu mwili unajitikisa, mguu mmoja unarushwa pembeni, mwendo unachangamka, na duara jeusi linaifunga picha. Hajashinda wala hajalipiza kisasi. Kwa watu waliozoea filamu kuisha kwa mtu kutumbukia majini, huu ulikuwa mwisho mpya, na nadhani kila kitu kikubwa alichokifanya Chaplin baadaye kiliota hapo. Aligundua kwamba mtazamaji anaweza kumcheka mtu kwa dakika ishirini na bado amlilie katika dakika ya mwisho.

Asubuhi yake, Jumapili, tulikwenda kuliona korongo. Barabara ya Chaplin leo ni njia kuu namba 84, nyembamba, ina kona nyingi na magari yanapita kwa kasi, si mahali pa kutembea na kifurushi begani. Namna nzuri ya kulitazama ni treni ya kale inayoendeshwa na watu wa kujitolea kati ya Niles na Sunol, kwenye reli ya zamani. Tulikaa behewa la wazi. Chini yetu kijito cha Alameda, juu vilima vya nyasi na mialoni, na mara kwa mara barabara inajitokeza ng'ambo ya maji kisha inapotea tena. Nilikuwa nikiitafuta kona ile. Mama mdogo alikuwa bado yuko na barua.

"Kwa nini hakumuuliza?"

"Kumuuliza nani, mama?"

"Binti. Kaandika barua, kaondoka. Amemuamulia. Tofauti yake na yule baba wa filamu ya kwanza ni nini?"

Sikuwa na jibu la haraka. Nilizoea kuuona mwisho ule kama ukarimu wa mtu mwenye mapenzi ya kweli, na bado nauona hivyo. Lakini swali lake linagusa kitu. Katika filamu zote tatu wivu ni wa wanaume. Edna ndiye anayegombewa, na kazi yake ni kupendeza na kusubiri. Nje ya kamera haikuwa hivyo. Katika kitabu cha maisha yake kilichotoka mwaka 1964, Chaplin anaeleza kwamba Edna alikuwa na wivu na alikuwa na namna yake ya kuuonyesha. Wakiwa kwenye karamu, Chaplin akizungukwa na wanawake, Edna alitoweka, kisha mtu alikuja kusema amezimia na anamwita Charlie. Charlie alikwenda na kukaa naye. Ikatokea hivyo zaidi ya mara moja. Mpaka karamu moja Edna akazimia kama kawaida, na alipozinduka hakumwita Charlie. Alimwita Thomas Meighan, mwigizaji mrefu mwenye sura nzuri. Chaplin anasema aliumia sana, na mapenzi yao hayakudumu baada ya hapo.

Nilimsimulia hivyo mama mdogo huku treni ikivuka daraja. Alipiga makofi.

"Hiyo ndiyo sinema! Kwa nini hakuipiga hiyo?"

Na kwa kiasi fulani aliipiga. Mwaka 1923 Chaplin aliongoza A Woman of Paris na kumpa Edna nafasi ya kwanza. Yeye mwenyewe anapita mara moja tu, amevaa kama mchukuzi wa mizigo. Humo Edna anasubiri stesheni usiku, ameahidiana na mchumba wake kutorokea Paris. Mchumba haji. Treni inaingia, lakini treni yenyewe huioni: unaona tu mwanga wa madirisha ya mabehewa ukipita usoni kwa Edna, mmoja baada ya mwingine, mpaka unasimama. Anapanda peke yake. Mapenzi na wivu wa filamu hiyo ni vya watu wazima, vinaonyeshwa kwa vitu vidogo, mkufu unaotupwa dirishani, kola ya shati ya mwanamume inayodondoka kutoka kwenye droo ya mwanamke. Ernst Lubitsch aliiona, na mwaka uliofuata akatengeneza The Marriage Circle, vichekesho vya ndoa na wivu ambamo hakuna mtu anayetupwa majini na kila mtu anaumia. Njia ya vichekesho vya mapenzi kutoka mateke hadi droo ile ilipita hapa kwenye korongo.

Watu wa 1923 hawakuikubali sana A Woman of Paris kwa kuwa walimtaka Chaplin mwenye fimbo. Edna naye hakuwa nyota mkubwa baada yake. Chaplin aliendelea kumlipa mshahara hadi Edna alipofariki mwaka 1958.

"Na mwisho wake?" mama mdogo akauliza. "Hiyo ya Paris."

Nikamwambia: Edna amepanda nyuma ya mkokoteni kijijini, na yule tajiri aliyekuwa naye Paris anapita kwa gari, anaelekea upande wa pili. Barabara ni moja. Hawaonani.

"Na hiyo wanaionyesha lini?"

Tuliporudi Niles alinivuta moja kwa moja hadi mlangoni kwa makumbusho kusoma ratiba iliyobandikwa. Haikuwamo. Akachukua kalamu kwenye mkoba, akaomba karatasi kwa mzee wa jana, akaandika jina la filamu kwa herufi kubwa na namba yake ya simu chini yake, akamkabidhi.